Nyumba yangu iko hatua 17 kutoka mtoni: nijenge ukuta au nihame?

*“Mtaalamu, naishi Dar es Salaam, kwenye bonde la kijito kinachomwaga maji yake Mto Msimbazi. Tulinunua kiwanja mwaka 2009. Wakati huo, kutoka ukuta wa jikoni hadi ukingo wa mto ilikuwa hatua 40, nilizihesabu mwenyewe. Leo ni 17. Mwaka 2018 maji yaliingia ndani hadi magotini, na mvua za mwishoni mwa 2023 yalifika juu ya kitanda. Tumejichanga tuna milioni 6. Fundi anasema zinatosha kujaza kifusi uani na kuzungusha ukuta wa tofali wa kozi 6. Mume wangu anasema tutulie, mvua kama ile huja mara moja katika miaka 50. Jirani anasema tatizo ni kalavati la barabara mpya, likizibuliwa yameisha. Mama mkwe anasema tuuze tuondoke. Nimsikilize nani? Watoto wangu wakisikia ngurumo hawalali.”*

Dada yangu, pole kwa mikesha ya mvua. Nimelisoma swali lako mara mbili. Mumeo, fundi, jirani na mama mkwe, kila mmoja ana kipande cha ukweli. Lakini jambo zito kuliko yote umeliandika wewe mwenyewe, tena kama unapita tu: hatua 40 zimekuwa 17. Wenzako wote wanabishana juu ya maji kuingia ndani. Mimi roho ilishtuka kabla sijafika hapo.

Mto humdhuru jirani yake kwa namna mbili. Kuna maji yanayojaa: yanapanda, yanaingia ndani, yanaloanisha magodoro, yanaacha tope na harufu, kisha yanarudi yalikotoka. Na kuna maji yanayokula: haya si lazima yaingie ndani hata siku moja. Yanachimba ukingo kwa chini, mpaka siku ambayo udongo uliobeba msingi wako haupo tena. Nyumba inayojaa maji unaweza kuirekebisha ukaishi nayo. Nyumba inayoliwa haina dawa ya tofali wala kifusi. Kwenu yapo yote mawili, na hela mtakayotumia kutibu kujaa itaondoka na mto kama kuliwa hakujasimama.

Hatua ya mtu mzima ni kama sentimita 70 au 75. Kwa hiyo mmepoteza karibu mita 17 za ardhi tangu mnunue, na mmebaki na 12 hivi. Ukigawanya kwa miaka utapata mita moja na kidogo kila mwaka, na hapo ndipo watu wengi hujidanganya wakasema “bado tuna miaka kumi”. Ukingo hauliwi kwa mafungu sawa. Unaweza kukaa misimu mitatu bila kupungua hata shubiri, halafu usiku mmoja ukameguka mita tatu au nne kwa mkupuo.

Namna unavyomeguka ni muhimu uijue, kwa sababu inakwenda kinyume na watu wanavyodhani. Mvua ikiwa kubwa mto unajaa, na udongo wa ukingo, ambao sehemu nyingi za Dar ni mchanga mchanga, unakunywa maji na kuwa mzito. Wakati mto umejaa, maji yenyewe yanauegemea ukingo kama mkono unaoshikilia mlango. Mvua ikikatika, mto unashuka haraka na ule mkono unaondoka, ilhali udongo bado umelowa na bado ni mzito. Hapo ndipo unapoporomoka. Kingo nyingi huanguka maji yakishapungua: asubuhi ya pili, jua limetoka, watu wameanza kuanika magodoro na watoto wamekwenda ukingoni kutazama vilivyoletwa na mto. Naomba hilo ulikumbuke kuliko kitu kingine chochote nitakachoandika hapa. Kesho yake mvua ikishakatika, mtoto asisogee ukingoni.

Kwa nini mto wenu umeanza kula sasa? Kwanza tazama kama mpo upande wa nje wa kona. Mto ukipinda, maji hukimbilia upande wa nje na kuuchimba, na mchanga yanautua upande wa ndani. Kama jirani wa ng’ambo anaongezewa ufukwe huku ninyi mnapungukiwa, jibu mnalo. Pili, uliza nani anachimba mchanga. Kila lori la mchanga linalotoka mtoni linashusha sakafu ya mto, na sakafu ikishuka kingo zinabaki zimesimama wima bila kitako. Vijana wale wanatafuta riziki, siwalaumu sana. Ila shimo wanalochimba leo huku chini linaweza kusogea kuelekea juu ya mto msimu hadi msimu, kwa sababu maji hutafuta kusawazisha mteremko wake.

Sababu ya tatu iko mbali na mto kabisa, iko juu ya paa lako. Chukua nyumba ya mita 10 kwa 12. Mvua ya milimita 100 ikinyesha siku moja, paa hilo peke yake linamwaga lita 12,000, sawa na mapipa 60 ya lita 200. Zamani, kiwanja hicho kilipokuwa na mikorosho na nyasi, sehemu kubwa ya maji hayo ilizama ardhini na kufika mtoni polepole, siku kadhaa baadaye. Leo yanateremka kwenye bati, yanapita kwenye zege la uani, yanaingia mfereji wa barabara, na ndani ya saa moja yapo mtoni. Zidisha kwa mapaa yote yaliyojengwa kuanzia vilima vya Pugu na Kisarawe, kunakoanzia Msimbazi, hadi Daraja la Salenda unakoingilia baharini. Njia ya kama kilomita 35 tu. Mto ni uleule, bakuli linaloumwagia ndilo limebadilika.

Hapo nageukia kwa mumeo. Mwambie kauli ya “mara moja katika miaka 50” imetufanyia ubaya sisi wahandisi, maana tuliitunga wenyewe na watu wameielewa kama ratiba ya basi. Maana yake ni kwamba kila mwaka, bila kujali mwaka jana kulitokea nini, kuna nafasi mbili katika mia ya mvua hiyo kuja. Ni kama kurusha dadu: ukipata sita leo, dadu haikumbuki kesho. Kwa mwenye nyumba atakayekaa miaka 30, nafasi ya kukutana nayo angalau mara moja inakaribia nusu kwa nusu. Na hesabu hiyo ilifanywa kwa mvua za zamani. Hewa ikipata joto la nyuzi moja zaidi inaweza kubeba mvuke kama asilimia 7 zaidi, na Bahari ya Hindi inayotuletea mvua imekuwa ikipata joto. Mwenyewe angalia: Desemba 2011 mvua iliua watu zaidi ya 40 Dar es Salaam, tukaambiwa haijapata kuonekana kwa zaidi ya nusu karne. Ikaja Aprili 2014. Ikaja Aprili 2018, mkaoga ndani. Ikaja El Niño ya mwishoni mwa 2023, na mvua zikaunganisha hadi masika ya 2024, ambapo Waziri Mkuu alilieleza Bunge kwamba nchini watu 155 walikuwa wamepoteza maisha. Miaka 50 gani hiyo?

Jirani ana hoja, tena nzuri. Kalavati dogo, au kubwa lililojaa chupa, viroba na matawi, linageuza barabara kuwa bwawa, na nyumba zilizo upande wa juu ndizo zinazojaa. Kama mvua zikinyesha maji yanasimama kwenu huku ng’ambo ya barabara mto unapita umbali mzuri chini ya ukingo, basi kalavati linahusika. Kulizibua kabla ya vuli na tena kabla ya masika ni kazi ya bei nafuu kuliko zote na inayoleta nafuu haraka. Ila ijulikane: inasaidia maji yanayojaa. Haisaidii yanayokula, na wakati mwingine inaongeza kasi, kwa sababu maji yaliyokuwa yamesimama sasa yanakimbia. Msiache kuzibua kwa sababu hiyo. Msitegemee tu kwamba ndiyo itakayookoa jiko.

Sasa fundi. Hapa nitasema kwa ukali kidogo, kwa sababu nimeona kuta za aina hiyo zimelala. Kozi 6 ni kama mita moja na nusu kwenda juu. Maji yakisimama nje kwa kina cha mita moja tu na ndani pakawa pakavu, kila mita moja ya urefu wa ukuta inasukumwa kwa nguvu ya karibu nusu tani. Upande wa mita 12 unasukumwa kwa tani 6, kama Fuso limeegemea ukuta wako usiku kucha. Maji yakifika juu ya ukuta, nguvu hiyo inazidi mara mbili. Tofali za inchi 6 zilizopangwa bila nguzo za nondo na bila mkanda wa zege hazikutengenezwa kwa kazi hiyo. Zinaweza kuvumilia, zinavumilia, halafu zinaachia zote kwa pamoja. Hapo maji ambayo yangepanda taratibu kwa nusu saa, mkapata nafasi ya kubeba watoto, yanaingia kwa sekunde chache yakiwa na matofali ndani yake. Isitoshe, mvua inayonyesha ndani ya ukuta itatokea wapi? Na choo nacho kitafanya nini, kikianza kurudisha maji kutoka chini?

Kifusi cha uani nacho kinahamishia maji kwa jirani wa pili, naye mwakani atajaza chake, na mtaa mzima utaanza kushindana kupanda juu. Kibaya zaidi, kifusi kilichomwagwa karibu na ukingo unaoliwa ni mzigo juu ya kitu ambacho tayari kinataka kuanguka. Fundi wako huenda ni mwaminifu kabisa. Amepewa swali la ukuta, akajibu la ukuta.

Sasa milioni 6. Kama ungekuwa na maji yanayojaa tu, ningekwambia uzitumie ndani ya nyumba yenyewe: pandisha jamvi, yaani sakafu ya zege, la vyumba viwili vya kulala hadi juu ya alama ya maji ya 2023 ikiwa urefu wa kuta na linta unaruhusu, piga plasta ya saruji kuanzia chini hadi juu ya alama hiyo, hamisha soketi zote na swichi kuu juu kabisa, tengeneza dari imara sehemu moja ya nyumba, ya mbao nene, yenye ngazi, pa kuweka unga, vyeti vya watoto na godoro moja. Inua choo. Acha maji yaingie na kutoka, ila yasikute cha kuharibu. Wenzetu wa Rufiji waliishi na mafuriko hivyo kwa vizazi. Walilima mlau, yaani kilimo cha maji yakishashuka, kwenye tope lililoachwa na mto na kulala juu ya madungu yenye miguu mirefu, hadi serikali ilipowahamishia kwenye vijiji vya mwinuko kwa Operesheni Rufiji ya mwaka 1968. Lakini Rufiji ni mto mkubwa ambao mafuriko yake yalipanda kwa siku nyingi, watu wakiyatazama. Msimbazi unajaa kwa saa. Dungu halikupi muda usiokuwapo.

Kwenu, kwa hatua 17 na mto ulio katika mwendo, nisingeweka hata tofali moja jipya upande wa jikoni. Sehemu ndogo ya hizo hela ningeitumia kwa mambo ya kulinda uhai, yaani swichi, dari, choo, na njia ya pili ya kutokea upande wa barabarani. Zilizobaki ningezitunza kwa ajili ya kuhama. Najua kuandika “kuhama” ni rahisi. Waliokumbwa na mafuriko ya 2011 walipewa viwanja Mabwepande, na baadhi yao walirudi bondeni, si kwa ukaidi, ila kwa sababu kibarua, shule na wateja wa mama ntilie vilibaki mjini na nauli ya kila siku inakula mshahara. Kwa hiyo usianze na kiwanja cha mbali. Anza na chumba cha kupanga mwinukoni, mtaa huohuo au wa jirani, kuanzia Machi hadi Mei, familia ikilala huko na nyumba ikibaki ya mchana. Ni suluhisho la shingo upande, nalijua, lakini linakununulia muda wa kufikiri bila kukesha.

Mama mkwe anasema muuze. Mkiuza, mwambieni mnunuzi ukweli wa hatua 40 na 17. Sina zaidi ya kusema hapo. Na kabla hamjauza wala kujenga, nendeni ofisi ya ardhi ya manispaa muulize jambo moja: nyumba iko wapi ukilinganisha na mita 60? Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya mwaka 2004, kifungu cha 57, inakataza shughuli za kudumu za binadamu ndani ya mita 60 kutoka ukingo wa mto. Ninyi mlinunua mkiwa tayari ndani yake, kama walivyonunua maelfu, kwa hati ya mauziano ya serikali ya mtaa. Kibaya ni kwamba mto ukisogea, mstari wa mita 60 unasogea nao. Chini kwenye bonde la Msimbazi, Jangwani na mitaa ya karibu, watu wamelipwa fidia na kuondolewa kupisha mradi mkubwa wa kuendeleza bonde. Msikae mkitegemea kwamba utafika kwenu, lakini msiuze kwa bei ya kutupa kabla ya kuuliza. Jalada la picha za nyumba, risiti na tarehe halimlemei mtu.

Mkiwa na majirani tayari kushirikiana, ukingo unaweza kutibiwa, kwa sharti kwamba mtatibu kona nzima. Gabioni, yaani mawe yaliyofungwa ndani ya wavu wa waya, zinafanya kazi vizuri kama mguu wake umezamishwa chini ya sakafu ya mto. Zikiwekwa juujuu, maji yatazichimba kwa chini na kuzilaza. Matairi yaliyojazwa udongo ni hivyohivyo, yanadumu kwenye kijito na kusalimu amri kwenye mto. Nyasi za vetiva na mianzi hushika udongo vizuri, ila vinahitaji misimu miwili mitatu ya kukua, na ukingo wenu sijui kama utavisubiri. Mtu mmoja akijenga kipande chake peke yake, mto unahamia mwanzo na mwisho wa kipande hicho, yaani kwa jirani zake. Kazi yoyote ndani ya mto muanzie kwa mtendaji wa mtaa na Bodi ya Maji ya Bonde la Wami/Ruvu. Mchimba mchanga pia mkamshtakie hapohapo, mkiwa kundi, si wewe peke yako jioni.

Kuna jambo moja la bure ambalo nimeona likiokoa watu: namba ya simu ya mtu anayeishi kilomita tano juu yenu. Mvua inaweza kunyesha Pugu kwenu kukiwa na nyota. Mkiwa na watu wawili watatu wa juu kwenye kundi la WhatsApp, na nguzo ya daraja lao imepakwa rangi ya kijani, njano na nyekundu, ujumbe wa “imefika njano” unawapa muda. Uunganishe na taarifa za Mamlaka ya Hali ya Hewa. “Angalizo” maana yake chaji simu, pandisha vyeti. “Tahadhari” maana yake watoto walale kwa shangazi. “Tahadhari kubwa” isikukute nyumbani.

Usiku maji yakianza kuja, zima swichi kuu ukiwa bado unakanyaga pakavu. Kama umechelewa na sakafu imelowa, usiiguse. Msivuke mkondo kwa miguu. Maji ya sentimita 15 tu yakiwa na kasi yanaweza kumwangusha mtu mzima, na usiku huoni mfereji uko wapi. Baada ya hapo hesabu maji yote ya kisima kuwa machafu, maana unajua kama ninavyojua kwamba kuna wanaosubiri mvua kubwa watapishe vyoo. Chemsha au weka dawa ya klorini. Mtoto akianza kuharisha majimaji kama ya kuosha mchele, usimpe dawa za dukani ukasubiri kesho; anza kumnywesha maji ya chumvichumvi za ORS huku mko njiani kwenda kituo cha afya.

Na kuna mambo ambayo mimi siwezi kuyaona kwa maandishi. Ukiona ufa unaopanda kwa mshazari kutoka kona ya dirisha, mlango uliokuwa ukifunga vizuri ukaanza kukwama, au sakafu ya jikoni imeinama kuelekea mtoni, mwite mhandisi aje aone kwa macho yake, hata kupitia ofisi ya kata. Ukiona ufa ardhini, uani, unaokwenda sambamba na mto, usimsubiri mhandisi. Ukingo umeshakata shauri. Tokeni siku hiyohiyo.

Kabla ya kumjibu fundi, fanya hivi wiki hii. Tafuta vigingi vitatu. Kimoja kipige hatua tatu kutoka ukingoni, cha pili hatua nane, cha tatu kumi na tatu, vyote kwenye mstari kuelekea jikoni. Pima kwa kamba kutoka kigingi cha pili hadi ukingo, uandike kwenye daftari na tarehe. Kila mvua kubwa ikishapita, subiri siku mbili ukingo ukauke, kisha pima tena. Ukipata vipimo vya mvua tatu niandikie, nitakujibu kwa uhakika kuliko leo. Ila ukienda ukakuta kigingi cha kwanza hakipo, usianze kuniandikia. Hamisha watoto kwanza.